Leseni ya Nishati ya Muda Hutolewa kwa Mlango

Ndugu watunzi wa hadithi, wabunifu wa michezo ya kompyuta, na wote mnaopenda kujenga ulimwengu usiokuwepo, asanteni kwa kutusikiliza. Mada tuliyopewa ni moja: serikali ya kubuni ingetoaje leseni ya kutumia nishati ya muda, yaani nishati inayopatikana pale saa za mahali pawili zinapokwenda kwa kasi tofauti?

Wengi wakiandika jambo hili huanza na kadi. Mhusika anaichomoa mfukoni, askari anaitupia jicho, basi, safari inaendelea. Msomaji anabaki anajiuliza leseni ile inaruhusu kiasi gani, nani anapima, na mtu ananyang'anywa kwa kosa lipi. Leseni isiyopima chochote ni karatasi tu. Kwa hiyo kadi tuiweke kando kwanza, tuanze na kitu chenyewe kinachodhibitiwa.

Fizikia tuliyonayo tayari inakubali kwamba saa mbili, zote zikiwa nzima, zinaweza kutofautiana bila hata moja kuharibika. Mwaka 1971 Joseph Hafele na Richard Keating walipanda ndege za abiria wakiwa na saa za atomiki za seziamu, wakaizunguka dunia kuelekea mashariki, kisha kuelekea magharibi. Katika safari ya mashariki saa zilirudi zimechelewa kwa takriban nanosekunde 59 (nanosekunde ni sehemu moja ya bilioni ya sekunde) kuliko zile zilizobaki chini. Katika safari ya magharibi zilirudi zimetangulia kwa takriban nanosekunde 273. Saa za setilaiti za GPS zingetangulia za ardhini kwa mikrosekunde 38 hivi kila siku, ndiyo maana hupunguzwa mwendo kabla ya kurushwa. Pengo lipo na linapimika. Ninyi mnachofanya ni kulikuza tu: mnabuni chumba ambamo saa zinakwenda kwa kasi mara 10 kuliko za nje, tukiite chumba cha kasi, au kingine ambamo zinakokota, tukiite chumba cha pole.

Sasa nishati inatoka wapi? Mwaka 1960 Robert Pound na Glen Rebka walitangaza matokeo ya jaribio lao katika mnara wa Chuo Kikuu cha Harvard, urefu wa mita 22.5 tu. Mionzi ya gama inayoshuka kutoka juu, ambako saa zinakwenda haraka kidogo, hufika chini ikiwa na masafa makubwa kidogo, yaani mawimbi mengi zaidi kwa sekunde, na fotoni, chembe ya mwanga, yenye masafa makubwa ina nishati kubwa. Lichukueni jambo hilo mlilete kwenye chumba cha kasi cha uwiano wa 10. Taa ya wati 100 ikiwaka ndani, kila fotoni inatoka nje na nishati mara 10, na fotoni zenyewe zinatoka mara 10 zaidi kwa kila sekunde ya nje. Wati 100 zimekuwa kilowati 10. Taa itazimika mapema, kwa sababu betri ya ndani inaisha mara 10 haraka kwa saa za nje, lakini hesabu ya mwisho bado ni faida: betri ya kilowati-saa 1 imetoa kilowati-saa 10.

Katika maumbile faida hiyo haipo. Kuibeba betri hadi mahali ambapo saa zinakwenda haraka kunagharimu nishati ileile utakayoipata baadaye. Mwenye kubeba mzigo mlimani anajua analipia kila hatua. Hadithi yenu inaifuta gharama hiyo mlangoni. Huo ndio uwongo wenu mmoja, nasi tunawashauri msiongeze wa pili. Mkiubakiza hapo, sheria yote inajipanga yenyewe, kwa kuwa mnajua mahali halisi pa kuweka mita, lakiri na mkaguzi. Leseni haitolewi kwa mtu anayependa muda wala kwa mashine inayonguruma, hutolewa kwa mlango. Na bidhaa ya magendo katika nchi hiyo si jiwe linalong'aa, ni betri ndogo iliyofichwa kwenye soksi.

Mlango huo una tabia mbaya ambayo waandishi wengi huisahau. Ukuta wa ndani wenye nyuzi 27 za Selsiasi una joto la kelvini 300, kipimo kinachoanza kuhesabu kwenye baridi ya mwisho kabisa. Ukitazamwa kutoka nje kupitia mlango wazi wa uwiano wa 10, unang'aa kama kitu chenye kelvini 3,000, yaani kama uzi wa balbu za zamani. Aliye nje anaungua. Na aliye ndani? Joto la nje linamfikia likiwa limegawanywa kwa 10, kelvini 30, nyuzi 243 chini ya sifuri. Huyo anaganda. Kumbukeni kwamba hatujawasha taa wala injini hapo, tumeacha mlango wazi tu. Hata uwiano mdogo wa 1.25 unafanya mlango wazi uwe kama bamba lenye nyuzi 102.

Kwa hiyo sharti la kwanza kwenye leseni yoyote ni milango miwili yenye chumba kidogo katikati, ule wa nje ukiwa wa chuma kinachopozwa kwa maji, na kufuli za umeme zinazozuia milango yote miwili kufunguka pamoja. Na kasoro ya kwanza atakayoikuta mkaguzi ni swichi ya kufuli iliyofungwa kwa waya ili mizigo ipite haraka. Hakuna anayefanya hivyo kwa ubaya. Zamu imechelewa, msimamizi anapiga kelele, na mlango wa pili unachukua dakika 4 kujipoza. Sheria nzuri inalijua hilo, inaitaka swichi iwe mahali ambapo waya haufiki, na inaandika idadi ya kufunguka kwa kila mlango kwenye kihesabio kisichoweza kurudishwa nyuma. Milango miwili ikiwa na idadi zinazotofautiana kwa zaidi ya moja, kuna mtu ameufungua mmoja kwa njia ya panya.

Uwiano wenyewe unapimwaje bila maabara nzima? Wekeni taa ya sodiamu ndani, mbele ya kitundu chenye kioo kinene. Njano yake ni ya nanomita 589. Chumba cha kasi cha 1.25 kitaionyesha ikiwa nanomita 471, buluu. Chumba cha pole cha 1.25 kitaionyesha ikiwa nanomita 736, wekundu wa mwisho kabisa ambao jicho linauona kwa shida. Mkaguzi akiona rangi isiyolingana na jedwali la leseni, anaandika kosa pale pale. Kuanzia uwiano wa 1.5 taa hiyo inafika nanomita 393, kwenye ukingo wa urujuani, na mbele zaidi ni mwanga usioonekana unaoumiza macho. Kitundu kizibwe, itumike kamera.

Kipimo cha kisheria, hata hivyo, ni saa. Hapa watu hukosea kwa kuweka mbili, moja ndani na moja nje. Ikiwa ya ndani imeharibika, utadhani ni chumba. Saa mbili zinapogombana huwezi kujua ni ipi inayodanganya. Zikiwa tatu, ile inayojitenga ndiyo mtuhumiwa. Mabaharia walilijua jambo hili zamani: meli ya Beagle ilipoondoka mwaka 1831 ilibeba kronomita 22, saa sahihi za baharini. Mkaguzi wetu awe na tatu. Anazilinganisha na saa ya mlango kabla ya kuingia, mbili anaingia nazo, moja inabaki mlangoni, na akitoka analinganisha tena. Asipofanya ulinganisho wa pili, ripoti yake haina thamani, kwa sababu saa alizoingia nazo zimeshapitia pengo na si za kuaminika hadi zirekebishwe.

Sasa madaraja. Msibuni herufi na rangi ovyo. Shirika la Kimataifa la Nguvu za Atomiki hugawa vyanzo vya mionzi katika madaraja matano kwa hesabu fupi: nguvu ya chanzo, A, inagawanywa kwa D, kiasi ambacho kikikosa udhibiti kinaweza kumdhuru mtu vibaya. Jibu likiwa 1,000 au zaidi, daraja la 1, kuanzia 10, la 2, kuanzia 1, la 3, kuanzia 0.01, la 4. Chini ya hapo, la 5. Uzuri wake ni kwamba unalazimika kuitafuta D, na D inakulazimisha ufikirie mtu anaumia vipi.

Katika chumba cha kasi mtu haumii kwa miujiza. Anafungiwa bahati mbaya jioni, anagunduliwa kesho yake, na ndani zimepita siku nyingi bila maji. Mtu bila maji ana kama siku tatu. Basi hatari inaanzia pale siku moja ya nje inapokuwa siku tatu za ndani, yaani pengo la saa 48 kwa siku. Hiyo ndiyo D yetu. Mashine ya kuivisha matunda yenye pengo la chini ya dakika 29 kwa siku ni daraja la 5: inasajiliwa tu. Hadi saa 48 ni daraja la 4. Hadi siku 20, la 3. Hadi siku 2,000, la 2. Zaidi ya hapo, miaka mitano na nusu ndani ya siku moja, ni daraja la 1. Msomaji hatahitaji kuelezwa hesabu hii yote. Atahisi tu kwamba nambari zinashikana.

Kuna ujanja mmoja wa kuuzuia mapema. Mwenye chumba atasema asubuhi alikiendesha kwa kasi na mchana kwa pole, kwa hiyo jumla ni sifuri. Kwa umri wa mfanyakazi yuko sahihi: mapengo yanafutana. Kwa hatari hayafutani hata kidogo, kwa sababu aliyefungiwa asubuhi amekufa asubuhi. Daraja lihesabiwe kwa kujumlisha mapengo bila alama ya kutoa. Umri uhesabiwe nayo. Safu mbili daftarini, zisichanganywe.

Na wafanyakazi je? Kwa mionzi, kikomo cha mfanyakazi ni wastani wa milisivati 20 (kipimo cha dozi ya mionzi mwilini) kwa mwaka katika kipindi cha miaka 5, na mwaka wowote ule usizidi 50. Cha mwananchi wa kawaida ni 1. Tukiazima umbo hilo tupate siku 20, siku 50 na siku 1 za pengo. Tujaribu. Mlinzi wa chumba cha pole cha uwiano wa 1.25 anaingia zamu ya saa 8 za nje; ndani anaishi saa 6 na dakika 24, pengo saa 1 na dakika 36. Kwa zamu 250 za mwaka ni saa 400, siku 16 na saa 16. Yumo ndani ya kikomo. Mwenzake wa chumba cha 1.5 anapata pengo la saa 2 na dakika 40 kwa zamu, na mwaka ukiisha ana siku 27, saa 18 na dakika 40. Mwaka huu anaruhusiwa, kwa sababu hajafika 50, lakini akiendelea hivyo ataufikia ukomo wa miaka mitano, siku 100, kabla mwaka wa nne haujaisha. Ofisi lazima imhamishe. Mgogoro wa hadithi umejileta wenyewe, hamkuhitaji jambazi.

Halafu njooni kwenye mshahara. Analipwa saa 8 au saa 6 na dakika 24? Mwajiri wa chumba cha pole atataka za ndani, na wa chumba cha kasi atataka za nje. Sisi tungeandika kwamba analipwa kwa ile iliyo nyingi, na tungetarajia kupelekwa mahakamani. Kuhusu umri wa kustaafu, kuoa na kupiga kura, tungetumia umri wa mwili, uliothibitishwa kwa beji yake ya kupimia muda, na cheti cha kuzaliwa kikabaki kumbukumbu. Jambo hili lina mengi, lakini wanasheria wenu wa kubuni watalipenda kuliko sisi.

Leseni ya mwendeshaji iwe tofauti na leseni ya chumba. Marekani, Tume ya Kudhibiti Nyuklia humpa mwendeshaji wa kinu leseni ya kituo maalumu, si ya vinu vyote. Inaisha baada ya miaka 6. Ili ibaki hai lazima kila robo mwaka afanye kazi hiyo kwa zamu 7 za saa 8 au 5 za saa 12, na ikilala, hawezi kurudi kazini kabla ya kukaa saa 40 chini ya uangalizi. Ikopeni yote, ila ongezeni maneno manne: "kwa saa za nje". Bila hayo, mtu atajifungia katika chumba cha kasi Jumatatu na kutoka Jumanne akiwa na zamu zote saba.

Saa za nje zenyewe ni zipi? Dunia ina moja iliyokubaliwa, UTC. Ofisi ya Kimataifa ya Vipimo na Mizani, karibu na Paris, huikokotoa kutokana na mamia ya saa za atomiki za maabara za nchi nyingi, na matokeo hutangazwa mara moja kwa mwezi, muda ukiwa umeshapita. Yaani hata leo hii hakuna anayejua saa kamili papo hapo hadi nanosekunde ya mwisho. Kila maabara ina yake inayoikaribia. Tangu 1972 zimeongezwa sekunde ruka 27, sekunde za ziada za kuilinganisha UTC na mzunguko wa dunia, ya mwisho ikiwa mwishoni mwa 2016, na mwaka 2022 mataifa yaliamua utaratibu huo ubadilishwe ifikapo 2035. Mdhibiti makini ataandika kama sekunde hiyo ya ziada ni sehemu ya siku ya mwisho ya leseni. Ni kifungu cha mstari mmoja. Kisipokuwepo, wakili mmoja atautumia mwanya huo.

Daftari la matukio lisitegemee tarehe kabisa. Mtaalamu wa kompyuta Leslie Lamport alionyesha mwaka 1978 kwamba unaweza kupanga matukio bila kuamini saa ya mtu yeyote. Kila ofisi ina kihesabio. Tukio likitokea, ongeza moja. Ukituma barua, andika nambari yako juu yake. Ukipokea barua, chukua iliyo kubwa kati ya nambari yako na ya barua, ongeza moja, endelea. Barua iliyotumwa daima itakuwa na nambari ndogo kuliko kupokewa kwake, hata kama aliyeituma yuko chumba cha kasi na tarehe yake ni ya mwaka kesho kutwa. Hili pia linajibu swali mnalolipenda, kama mkaguzi anaweza kumkamata mtu kabla ya kosa. Kosa halina nambari mpaka litendeke, na hati ya kukamata haiwezi kutaja nambari isiyokuwepo.

Kitufe cha kuzimia chumba kikae wapi? Chumba cha kasi cha uwiano wa 10: aliye nje akichelewa sekunde 6, ndani imepita dakika nzima ya moto. Kitufe kikae ndani. Chumba cha pole ni kinyume chake, kikae nje. Katika daraja la 1, sekunde moja ya nje ni zaidi ya dakika 33 za ndani. Hakuna uokoaji unaowezekana, kwa hiyo masharti ya daraja hilo yawe mafupi: binadamu haingii.

Sehemu inayobomoa mifumo mingi ni mwisho wa leseni. Mwishoni mwa 1985 huko Goiânia, Brazil, kituo cha tiba ya mionzi kilihama na kuacha mashine ya seziamu-137 kwenye jengo la zamani, bila kuiarifu mamlaka kama leseni ilivyotaka. Mwaka 1987 watu wawili waliibomoa, vipande vikauzwa kwa mnunuzi wa vyuma chakavu, unga wake uling'aa buluu na watu wakaugawana. Walikufa wanne, na watu wapatao 112,000 walipimwa. Miaka michache kabla, huko Ciudad Juárez, Mexico, kobalti-60 kutoka kwenye mashine iliyobomolewa iliyeyushwa pamoja na vyuma vingine vikawa nondo. Iligunduliwa Januari 1984 lori lililobeba nondo hizo lilipopita bila kukusudia penye vihisi vya mionzi vya Los Alamos, maabara ya nyuklia ya Marekani.

Mdhibiti wenu ajifunze hapo. Dhamana ya fedha ya kuufunga mlango ilipwe kabla ya kuufungua, kwa sababu mwenye leseni aliyefilisika hana cha kutozwa. Leseni isife kwa kupita tarehe peke yake. Wajibu wa kulinda mlango uendelee hadi mkaguzi asaini kwamba taa ya sodiamu imerudi njano. Na kwenye kila yadi ya vyuma chakavu pawe na jozi ya saa pande mbili za lango, zikilinganishwa mchana na usiku.

Bado kuna yule atakayeubomoa mlango bila kujua kusoma. Mwaka 2007 ilizinduliwa alama ya ziada ya mionzi kwa vyanzo vya madaraja ya 1 hadi 3: pembetatu nyekundu yenye mawimbi, fuvu na mtu anayekimbia. Haibandikwi kwenye mlango wa jengo. Inawekwa kwenye mashine yenyewe, chini ya kifuniko, ili aione yule tu aliyeanza kufungua skrubu. Wachoraji mlio hapa, mtuchoree ya kwenu: ieleze kwamba nyuma ya bamba hili muda haulingani, bila kutumia picha ya saa, kwa maana mwizi wa vyuma akiona picha ya saa atafikiri amepata saa.